Ua la Sarojini: kisa cha P. K. Rosy na filamu ya kwanza ya Kimalayalam

Filamu yenyewe ni bubu. Kwenye pazia la jumba la Capitol mjini Trivandrum, kijana aitwaye Jayachandran anamkaribia msichana wa ukoo wa kiungwana, anachukua ua lililochomekwa kwenye nywele zake, analibusu. Hapo, kwa masimulizi ya karibu kila aliyekishughulikia kisa hiki, ndipo ukumbi ulipochafuka. Zilianza kelele, yakafuata mawe, na pazia likachanika. Busu halikumgusa mtu. Liliishia kwenye ua. Kilichowachoma watazamaji ni kichwa ambako ua lile lilitoka.

Msichana katika hadithi aliitwa Sarojini, binti wa Kinair. Aliyemwigiza aliitwa Rosy, na alikuwa Mpulaya.

Kwa msomaji aliye mbali na Kerala, jimbo la kusini mwa India linalosema Kimalayalam, majina hayo mawili yanahitaji maelezo. Travancore, ufalme uliokuwa kusini kabisa mwa pwani ya magharibi ya India, uliishi kwa ngazi za kuzaliwa. Wabrahmani wa Kinambudiri, watu wa ukuhani, walikaa juu. Wanair walikuwa chini yao, lakini ndio waliokuwa wenye mashamba, askari wa jadi na makarani wa serikali. Mjini Trivandrum neno lao lilikuwa na uzito. Wapulaya walikuwa karibu na chini kabisa, watu wa kulima mpunga wa wengine, na mababu zao walinunuliwa na kuuzwa pamoja na mashamba hayo hadi utumwa ulipopigwa marufuku Travancore mwaka 1855. Marufuku iliondoa bei. Najisi ilibaki palepale.

Filamu iliitwa Vigathakumaran, yaani mtoto aliyepotea, na ndiyo inayohesabiwa kuwa ya kwanza katika sinema ya Kimalayalam. Hata siku ilipoonyeshwa inagombaniwa: wako wanaoandika 7 Novemba 1928, wako wanaoandika 23 Oktoba 1930. Mkanda haupo tena. Kwa hiyo anayechambua kisa hiki anafanya kazi kama hakimu ambaye kidhibiti kikuu kimeungua, amebakiwa na mashahidi tu.

Aliyeitengeneza ni J. C. Daniel, Mkristo wa Kinadar, tabaka jingine la chini, kutoka Agastheeswaram, kusini kabisa mwa Travancore. Alipenda mno michezo ya upanga na kalaripayattu, sanaa ya mapigano ya Kerala, akaona sinema ndiyo njia ya kuionyesha dunia. Alikwenda Madras, akaenda Bombay, akajifunza alichoweza kujifunza, akarudi nyumbani, akauza ardhi yake na kujenga studio katika eneo la Pattom, Trivandrum. Akaandika, akaongoza, akashika kamera, akaigiza yeye mwenyewe kama Jayachandran. Wakati huo watengenezaji wengi wa India walikuwa wakichota hadithi kutoka Ramayana na Mahabharata, tenzi kuu za Kihindu, maana hizo zilikuwa na watazamaji tayari. Daniel hakuzigusa. Aliandika kisa cha watu wa siku zake: mtoto wa tajiri wa Travancore anaibwa na kupelekwa Ceylon, leo Sri Lanka, anakua kibarua kwenye shamba la Mwingereza, anapanda cheo, hadi ndugu wa mbali anamkuta huko na kumrudisha kwao, na kovu mwilini linafichua yeye ni nani. (Mtu wa kwao anayekwenda ng'ambo kutafuta riziki, na nyumba inayobaki ikimngoja, ni mada ambayo sinema ya Kimalayalam haijaiacha mpaka leo. Zamani ng'ambo ilikuwa Ceylon. Baadaye ikawa Ghuba.)

Alipata kila kitu isipokuwa mwanamke.

Tatizo hili halikuwa lake peke yake. Phalke alipotengeneza filamu ya kwanza ya India nzima mwaka 1913, malkia wake aliigizwa na mwanamume, Anna Salunke, kwa kuwa hakuna mwanamke aliyekubali kusimama mbele ya kamera. Miaka zaidi ya kumi baadaye mambo yalikuwa yamelegea Bombay na Calcutta, si Trivandrum. Mwigizaji wa kwanza aliyeletwa kutoka Bombay hakupatana na Daniel, akarudi alikotoka. Wanawake wa Kinair, ambao ndio hadithi iliwahusu, hawakuweza hata kuulizwa. Kuigiza kulihesabiwa kazi ya malaya.

Shikilia hilo, maana ndilo fundo la kesi. Nafasi ya Sarojini ilikuwa wazi kwa sababu Wanair wenyewe waliiona kuwa uchafu. Hawakuitaka. Lakini ilipochukuliwa na Mpulaya waligundua kwamba ilikuwa mali yao.

Rosy alikuwa na umri wa miaka ishirini na kitu. Alizaliwa mwaka 1903 Nandancode, pembezoni mwa Trivandrum, jina lake la kuzaliwa likiwa Rajamma. Familia ilipoingia Ukristo likaja Rosamma, na likafupishwa Rosy. Riziki yake ilikuwa vibarua, kukata majani. Wengi wanaomsimulia huishia hapo, mkata majani aliyeokotwa njiani akafanywa nyota, na mimi naona hiyo ni nusu ya picha. Rosy alikuwa msanii kabla Daniel hajamwona. Alicheza Kakkarissi, mchezo wa jukwaani wa watu wa chini kusini mwa Kerala, wenye nyimbo na maneno yanayochanganya Kimalayalam na Kitamil. Katika mchezo huo miungu Shiva na Parvati hushuka duniani kama Kakkalan na Kakkathi, watu wa kuhamahama wanaobashiri bahati kwa kusoma viganja. Na hata kwenye mchezo huo ilikuwa desturi sehemu za wanawake zichezwe na wanaume. Kwa hiyo alipofika Pattom alikuwa amekwisha kuvuka mstari mmoja.

Sasa linganisha majukwaa mawili. Katika Kakkarissi, Mpulaya anaweza kucheza mungu, na hakuna anayerusha jiwe. Kwa nini? Kwa sababu mungu ndiye aliyeshuka, akavaa matambara ya mzururaji. Heshima inapita kutoka juu kwenda chini, na wenye heshima wakisikia wanacheka tu. Sarojini ni kinyume chake. Hapo ni mtu wa chini aliyepanda, akavaa nguo safi, na kamera ikakubali kwamba zimemkaa.

Nguo ndiyo sehemu ambayo wachambuzi wa nje huipita haraka. Huko Travancore vazi la mwanamke lilikuwa hati ya utambulisho. Wanawake wa Kinadar, watu wa ukoo wa Daniel mwenyewe, walipigwa na kuvuliwa hadharani kwa kosa la kufunika matiti kama wanawake wa juu, na vurugu zilidumu kwa miongo kadhaa hadi amri ya mfalme ya mwaka 1859 ilipowaruhusu kujifunika, bado kwa masharti kwamba wasivae kama wa juu wanavyovaa. Wanawake wa Kipulaya walitakiwa kuvaa shanga za mawe shingoni, kallumala, alama ya utumwa. Mwaka 1915 huko Perinad, karibu na Kollam, walizikata na kuzitupa, chini ya uongozi wa Ayyankali, mtu yule aliyepanda gari la ng'ombe kwenye barabara ya umma mwaka 1893 wakati watu wake walikatazwa hata kupita kwa miguu. Rosy alikuwa na miaka kumi na miwili shanga zilipotupwa. Alipovaa kwenye studio ya Pattom jozi ya vitambaa vyeupe vya mwanamke wa Kinair, na mapambo yake, hakuna mtazamaji wa Capitol aliyehitaji kuelezwa anachokiona.

Msomaji wa pwani yetu ataikumbuka kaniki hapa. Siti binti Saad, mzaliwa wa ukoo wa watumwa, alikejeliwa kwa kaniki yake hata baada ya mji wa Unguja kumpigia makofi, na mwaka 1928 huohuo, mmoja kati ya miaka miwili inayotajwa kwa filamu ya Daniel, alikuwa Bombay akirekodi santuri. Lakini santuri ina rehema moja: inakupa sauti na kukuachia uso. Filamu bubu inafanya kinyume.

Ndipo tufike kwenye kile ninachodhani kilitokea ukumbini usiku ule.

Utaratibu wa tabaka Kerala ulikuwa utaratibu wa umbali. Kwingineko India mguso ndio uliotia najisi. Kerala hata kukaribia kulitosha. Mpulaya alitakiwa asimame mbali na Mnambudiri kwa makumi ya hatua, kwa Mnair pungufu kidogo, na akiwa njiani apige ukelele ili wakubwa wajue kuna najisi inakuja, au yeye ateremke kwenye tope apishe. Barabara ndizo zilizokuwa uwanja wa vita. Mwaka 1924 na 1925 mji wa Vaikom ulikuwa na mgomo wa zaidi ya mwaka mzima, watu wengi wakikamatwa, na madai yao hayakuwa kuingia hekaluni. Walitaka kutembea kwenye barabara zinazolizunguka hekalu. Malango yenyewe ya mahekalu ya Travancore yalifunguliwa kwa wote kwa tangazo la 12 Novemba 1936, miaka kadhaa baada ya Rosy kukimbia.

Katika jamii ya namna hiyo lete sinema. Mtu mzito amelipa, ameketi mbele ya kitambaa cheupe, taa zimezimwa. Uso wa Mpulaya unakuja mkubwa kuliko uso wowote aliowahi kuuona, unamtazama machoni, hauteremki kwenye tope. Akiwa njiani ungemwamuru arudi nyuma. Kwenye pazia utamwamuru nani? Hakuna hatua za kuhesabu kati ya mtu na mwanga. Kibaya zaidi, pazia linamwambia mtazamaji kwamba yule ni dada yake, mtu wa nyumbani kwake, na kwamba Jayachandran ana haki ya kumpenda. Jiwe lilikuwa njia ya kurudisha umbali, na lilirushwa kwa kilichokuwepo, yaani kitambaa.

Wapo wanaosema ghasia zilitokana na aibu tu, watu hawakuzoea kuona mapenzi hadharani. Sikubali. Filamu hiyohiyo ilipelekwa Alappuzha na miji mingine, mapenzi yakiwa yaleyale na ua lilelile, na moto wa Trivandrum haukuwaka huko. Trivandrum ndiko Rosy alikojulikana: kwamba ni nani, binti wa nani, anakata majani wapi. Aibu ya mapenzi ingesafiri pamoja na mkanda, ila habari za ukoo wake zilibaki mjini kwake.

Rosy mwenyewe, kwa masimulizi, hakukaa ukumbini na waheshimiwa. Onyesho la kwanza lilifunguliwa na wakili mkubwa wa mji, mbele ya wakubwa wenzake, na mwigizaji mkuu wa kike hakuwa na kiti humo. Baada ya ghasia hasira ilitoka barabarani ikamfuata mpaka kwao, na nyumba ya familia inasemekana ilichomwa. Alitoroka usiku kwa lori lililokuwa likielekea upande wa Tamil.

Daniel alifilisika. Filamu haikurudisha fedha, studio ikafungwa, vifaa vikauzwa. Akawa daktari wa meno, akahama. Mkanda uliobaki, familia imesimulia, uliteketea mikononi mwa mtoto wake mwenyewe, aliyekuwa akiuwasha vipande vipande kwa raha ya kutazama miali. Mikanda ya zamani huwaka vizuri mno.

Hapo kesi ingefungwa, kama isingekuwa kwa kilichotokea mwaka 1954.

Mwaka huo ilitoka Neelakuyil, iliyoongozwa na P. Bhaskaran na Ramu Kariat. Hii ndiyo wengi huihesabu kuwa filamu iliyoipa sinema ya Kimalayalam udongo wake: kijiji cha kweli, lugha ya watu, muziki ambao K. Raghavan aliutoa kwenye nyimbo za asili badala ya kunakili za Kihindi. Ilipata medali ya fedha ya Rais. Inasimulia Neeli, msichana Mdalit, yaani wa matabaka yaliyohesabiwa najisi, kama Wapulaya, anayepata mimba kwa mwalimu wa Kinair anayemkana kwa sababu ya tabaka. Ni filamu dhidi ya najisi, na kwa wakati wake ilikuwa na ujasiri mkubwa. Neeli aliigizwa na Miss Kumari, Mkristo ambaye hakuwa Mdalit.

Hakuna aliyerusha jiwe. Watu walilia, wakampenda.

Ukiziweka filamu hizi mbili sambamba unapata kanuni ambayo haikuandikwa popote. Mtu wa juu akiigiza wa chini, hiyo ni sanaa, ni huruma, anapewa tuzo. Wa chini akiigiza wa juu, huo ni wizi. Sinema ya Kerala, inayosifiwa sana, na kwa haki, kwa kuwa karibu na maisha ya watu wake, ilijifunza kuwasimulia Wadalit vizuri huku nyuso zao zikiwa nje ya fremu. Ukaribu na utamaduni una upande huo pia: filamu inabeba mashairi ya kijiji, mashua, mvua, chakula, na inabeba vilevile mpangilio wa nani akae wapi.

Waliomfufua Rosy walikuwa waandishi wa habari, tena kila mmoja alianzia upande wake. Chelangatt Gopalakrishnan alimfuatilia Daniel katika miaka ya 1960, akapigania atambuliwe, wakati historia rasmi ikianza na Balan ya 1938, filamu ya kwanza ya Kimalayalam yenye sauti. Kunnukuzhi S. Mani alianza kuandika habari za Rosy mwanzoni mwa miaka ya 1970. Daniel alifariki mwaka 1975 bila heshima yoyote ya serikali ya Kerala, na hoja mojawapo dhidi yake ilikuwa mpaka: majimbo yalipopangwa upya kwa lugha tarehe 1 Novemba 1956, Agastheeswaram iliangukia jimbo la Madras, leo Tamil Nadu. Baba wa sinema ya Kimalayalam, kwa karatasi, akawa mtu wa kwingine. Mwaka 1992 serikali ileile ikaanzisha tuzo yake kubwa ya sinema kwa jina lake.

Rosy alisubiri zaidi. Mwaka 2013 ilitoka Celluloid ya Kamal, kuhusu maisha ya Daniel, na ndiyo iliyomfanya Rosy ajulikane na vijana. Wakosoaji wa Kidalit hawakuridhika. Rosy wa humo ni mwoga, mnyenyekevu, anatetemeka mbele ya kamera, mtu wa kuhurumiwa. Yule aliyepanda jukwaa la Kakkarissi wakati wanawake hawakupanda ametoweka. Mwanazuoni Jenny Rowena aliuliza swali ambalo filamu ililikwepa: je, leo hii mwanamke Mdalit anaweza kupewa nafasi ya mwanamke wa Kinair katika sinema hiyo? Swali halihitaji mkanda uliopotea kujibiwa. Orodha za waigizaji wakuu wa kike zipo.

Mwaka 2019 Women in Cinema Collective, umoja wa wanawake wa tasnia hiyo uliozaliwa mwaka 2017 baada ya mwigizaji mmoja kutekwa na kudhulumiwa kimwili ndani ya gari, ulianzisha klabu ya filamu na kuipa jina la Rosy. Tarehe 10 Februari 2023 Google iliweka mchoro wake kwenye ukurasa wake wa mbele, na kwa siku moja uso huo ukawa kwenye simu za mamilioni ya watu.

Na yule mwanamke mwenyewe? Dereva wa lori lile alikuwa Mnair. Alimwoa, ndugu zake wakamtenga, na wakaishi Nagercoil. Huko aliitwa Rajammal. Hakuigiza tena, wala hakuzungumza habari za filamu. Watoto wake walikua wakijua machache sana kuhusu maisha ya zamani ya mama yao, na wakahesabiwa kwa ukoo wa baba. Sehemu ya Sarojini aliyoicheza kwa siku chache Pattom, mwanamke wa nyumba ya Kinair, aliiishi kwa maisha yake yote yaliyobaki, mbele ya majirani ambao hawakuwa na sababu ya kushuku.

Nagercoil nayo iliangukia upande wa Tamil Nadu mwaka 1956. Ni wilaya moja na Agastheeswaram, alikorudi Daniel kuzeeka. Kati ya miji hiyo miwili ni safari fupi ya basi.